Kwa mleta mada wa Marangu: Tongariro, Rotorua na wenyeji wake

Mkuu, nimeusoma uzi wako. Umesema unaongoza wageni Kilimanjaro, dada yako yuko Auckland, na viza ikitoka utakuwa na siku kama kumi za kuzunguka New Zealand. Maswali yako mawili: Tongariro, ile hifadhi ya volkano ya Kisiwa cha Kaskazini, ina maana yoyote kwa mtu aliyezoea Kibo? Na zile ngoma za Wamaori, wenyeji wa asili wa nchi ile, kule Rotorua ni utamaduni au ni kiini macho cha watalii?

Wachangiaji wengi hapo juu wamekuambia ukimbilie Kisiwa cha Kusini ukaone barafu na maziwa. Kuzuri, sibishi. Lakini mimi naishi Hamilton, hiyo barabara ya Rotorua, Taupo hadi Tongariro nimeipita mara nyingi, na ningekuwa mtu wa kazi yako ningebaki Kisiwa cha Kaskazini bila kusitasita. Utakutana na watu ambao kuongoza wageni ni kazi ya ukoo tangu enzi za mabibi zao, na mlima ambao mwenyewe yupo na anajulikana kwa jina.

Nianze na swali jepesi. Kwa urefu, utacheka. Ruapehu, mkubwa kuliko wote kisiwani, ana mita 2,797. Ngauruhoe ana 2,287 na Tongariro mwenyewe 1,967. Njia unayoisikia, Tongariro Alpine Crossing, ni kama kilomita 20 za siku moja, unaanzia Mangatepopo na kutokea Ketetahi, mwendo wa muda wa saa saba au nane kwa mtu wa kawaida. Sehemu ya juu kabisa ni ukingo wa kreta (shimo la volkano) iitwayo Red Crater, karibu mita 1,900. Kichwa hakitauma, Diamox, vile vidonge vya kuzuia ugonjwa wa mwinuko, acha nyumbani.

Kinachoumiza watu pale ni upepo na ubaridi wa ghafla. Unaondoka jua linawaka, ukifika South Crater ukungu umeshuka huoni hatua kumi mbele, kisha mvua inapigwa na upepo ikija ubavuni. Watu wanaokolewa kila mwaka, wengi wamevaa kaptula na raba. Wewe mwenyewe unajua namna ya kumwambia mgeni "leo turudi". Huko hakuna atakayekuambia, maana majira ya joto watu hutembea bila kiongozi. Hakuna wagumu wa kukubebea mzigo wala mpishi anayekusubiri na supu. Hata geti la kulipia hakuna! Hifadhi za taifa za kule kuingia ni bure, ila serikali hukukata mapema: ukiomba viza unalipa tozo ya wageni, dola 100 za kwao tangu Oktoba 2024. Siku ya kutembea unaombwa uweke nafasi mtandaoni, bure pia, na gari huwezi kuliacha kutwa nzima Mangatepopo, kwa hiyo unapanda basi dogo la kukupeleka na jingine la kukurudisha. Maji ya kunywa beba ya kutosha, njiani hakuna.

Nenda Desemba hadi Machi, majira ya joto ya kule. Ukija Julai, huo ni mlima mwingine kabisa: theluji, shoka la barafu, na hapo chukua kiongozi.

Sasa nieleze kwa nini nakutuma huko wakati umezoea marefu zaidi. Kilimanjaro iliingia Urithi wa Dunia mwaka 1987 kwa sababu ya maumbile yake tu. Tongariro iliingia 1990 kwa maumbile, halafu mwaka 1993 ikaongezewa utamaduni, ikawa ya kwanza duniani kuorodheshwa kama mandhari ya kitamaduni. UNESCO walikuwa wamebadilisha vigezo ili mlima usio na hekalu wala maandishi ya kuchongwa uweze kuhesabiwa urithi kwa sababu ya jinsi watu wake wanavyohusiana nao tu. Watu hao ni Ngāti Tūwharetoa. Kwao vilele vile ni wazee wao, na wanavitaja hivyo hata kwenye mikutano ya kawaida: mtu akijitambulisha anataja mlima wake na ziwa lake kwanza, jina lake mwishoni.

Vitabu vingi vya watalii vinasema mwaka 1887 chifu wao, Horonuku Te Heuheu Tukino wa Nne, aliipa serikali vilele vile kama zawadi. Kilichokuwa nyuma ya zawadi hiyo ndicho chenye utamu. Miaka hiyo Mahakama ya Ardhi ya Wenyeji ilikuwa ikikata ardhi ya Wamaori vipande vipande, kila kipande kikipata wenye hati, na mwenye hati anaweza kuuza. Horonuku aliona vilele vinaweza kugeuka viwanja na malisho ya kondoo. Mkwe wake, Lawrence Grace, aliyekuwa mbunge, alimshauri aviweke chini ya ulinzi wa taji la Uingereza, viwe vitakatifu visiuzike. Ilikuwa kama hekta 2,640. Leo hifadhi inakaribia hekta 80,000. Ikawa hifadhi ya taifa ya kwanza ya nchi ile, sheria yake ikapita 1894.

Baraza la Waitangi, ambalo kazi yake ni kusikiliza madai ya Wamaori dhidi ya serikali, lilitoa ripoti mwaka 2013 likasema ile haikuwa zawadi kwa maana ya kutoa na kusahau. Chifu alikuwa anaialika serikali washike mlima pamoja. Serikali ilichukua, ikaendesha peke yake. Mimi naona hilo ni jambo la kusoma kabla hujavaa buti, maana litakueleza ombi utakalolikuta njiani: wenyeji na idara ya uhifadhi wanawaomba wageni wasipande kileleni mwa Ngauruhoe wala Tongariro, na wasiguse maji ya maziwa. Hakuna askari wala faini, ni ombi. Ngauruhoe alipata umaarufu kwa kuonekana kwenye filamu za Hollywood, na vijana walikuwa wakipanda kwa mamia kupiga picha. Alama za njia ya kileleni zikaondolewa. Bado utaona watu wanapanda, na utaona ni kina nani.

Kwenye njia yenyewe, jiandae kwa miteremko baada ya Red Crater. Ni changarawe laini inayoteleza, sawasawa na ile ya kushukia Gilman's Point, unajua mwenyewe namna ya kuzamisha kisigino. Chini yake kuna maziwa madogo ya kijani kibichi, rangi inayotokana na madini, moshi wa salfa ukitoka pembeni. Mbele kuna Blue Lake, ambalo ni tapu, yaani takatifu lenye miiko: hapo usile, usinywe, usioge. Tulipita tukiwa kundi mchanganyiko, Watanzania na familia za Wakongo wa Bukavu na Uvira waliofika kama wakimbizi kupitia kituo cha Mangere, Auckland. Mama mmoja wa Uvira aliposikia sharti hilo hakuuliza swali, alifunga chapati zake kwenye mfuko, akasema kwao pia kuna maji ya namna hiyo. Vijana ndio walilalamika njaa.

Na usidhani volkano zile zimelala. Kreta ya Te Maari, upande wa kaskazini wa Tongariro, ililipuka Agosti 2012, mawe yakatoboa kibanda cha Ketetahi, ikarudia Novemba mwaka huohuo. Ruapehu ana ziwa ndani ya kreta yake juu. Usiku wa tarehe 24 Desemba 1953 ukingo wake ulivunjika, tope likasomba daraja la reli Tangiwai muda mfupi kabla ya treni ya Wellington kwenda Auckland kufika. Walikufa watu 151. Kuna mnara wa kumbukumbu barabarani. Ukiwa na gari, simama.

Chini ya ardhi sababu ni moja: bamba la Pasifiki (pande kubwa la ganda la dunia) linazama chini ya bamba la Australia, na mstari wa moto unatoka Ruapehu, unapita Taupo na Rotorua, unaishia baharini kwenye kisiwa cha Whakaari, kilicholipuka Desemba 2019 na kuua watu 22. Wazee wanaueleza mstari huohuo kwa njia yao. Ngātoroirangi, kuhani aliyekuja na mtumbwi wa Te Arawa, alipanda Tongariro akakaribia kufa kwa baridi ya upepo wa kusini. Akawaita dada zake walioko Hawaiki, ng'ambo ya bahari, wamletee moto. Moto ukaja chini kwa chini, ukiibuka Whakaari, Rotorua, Taupo, hadi miguuni pake. Weka ramani ya jiolojia juu ya hadithi hiyo, vituo ni vilevile.

Kwa hiyo Rotorua ni sehemu ya safari ileile, na hapo naingia swali lako la pili.

Ndiyo, kuna maonyesho ya jioni ya watalii, chakula cha mvuke, haka (ile ngoma yao ya kupiga miguu na vifua), picha na mchezaji. Ukiyaona peke yake utasema ni kiini macho. Lakini nenda kwanza kijiji cha Te Wairoa, karibu na Rotorua na ziwa Tarawera. Karne ya 19 watalii walikuwa wakitoka Ulaya kuja kuona ngazi za mawe ya silika, nyeupe na za waridi, zilizoshuka hadi ziwa Rotomahana na maji moto yakitiririka juu yake. Wenye eneo, Tūhourangi, ndio waliokuwa na mitumbwi, waongozaji na bei. Walipata fedha kiasi kwamba kwenye nyumba yao ya mikutano, Hinemihi, macho ya sanamu yaliwekwa sarafu za dhahabu za Kiingereza badala ya kombe. Sijui kama kuna kampuni ya utalii Moshi imewahi kuringa namna hiyo!

Usiku wa kuamkia tarehe 10 Juni 1886 mlima Tarawera ulipasuka. Ngazi zile zikatoweka, vijiji vikafukiwa, watu kama 120 wakafa, karibu wote Wamaori. Sophia Hinerangi, mwongozaji mashuhuri kuliko wote, aliwahifadhi zaidi ya watu 60 katika nyumba yake, paa lake likastahimili majivu. Wengine waliponea ndani ya Hinemihi. Waliobaki walihamia kwa ndugu zao Whakarewarewa, hapo Rotorua, penye chemchemi nyingine, wakaanza kazi upya. Hinemihi yenyewe ilinunuliwa mwaka 1892 na gavana Onslow, ikasafirishwa hadi bustani ya nyumba yake Surrey, Uingereza.

Sophia aliendelea kuongoza wageni Whakarewarewa. Baada yake akaja Maggie Papakura, aliyemwongoza mwaka 1901 yule aliyekuja kuwa Mfalme George wa Tano, na baadaye akaenda Oxford kuandika utafiti juu ya watu wake mwenyewe. Alifariki 1930 kabla ya kuukamilisha. Ukiingia kijiji cha Whakarewarewa leo, anayekutembeza ni mtu wa ukoo huohuo. Watu wanaishi mle, nguo zimeanikwa kwenye kamba, mahindi yanachemshwa kwenye kidimbwi cha maji moto. Kuna makaburi yaliyojengwa juu ya ardhi kwa sababu ukichimba unakuta mvuke. Muulize mwongozaji kuhusu visima. Miaka ya 1980 mji mzima ulikuwa unavuta maji moto ya kupasha nyumba, chemchemi zikaanza kufa. Serikali ikaamuru visima vyote ndani ya kilomita moja na nusu kutoka Pōhutu, ile inayorusha maji hadi mita 30, vifungwe. Chemchemi zikaanza kurudi. Waliofungiwa visima hawakufurahi, na mpaka leo ukigusa mada hiyo mezani utasikia.

Ukialikwa kwenye marae halisi, yaani uwanja na nyumba ya mikutano ya ukoo, kwa msiba, harusi au ugeni wa kanisa, usikose. Unasubiri getini hadi mwanamke wa pale aite kwa sauti ndefu, ndipo mnaingia, wanawake wenu mbele. Wanaume wanahutubiana, na kila hotuba inafuatwa na wimbo. Upande wa wageni pia lazima muimbe. Andaeni wimbo mapema. Sisi tuliimba pambio la Kiswahili lenye kuitikiana, wenyeji wakadaka kiitikio ubeti wa pili. Bahasha ya koha, yaani mchango wenu, inawekwa chini na msemaji wa mwisho wa wageni. Kisha mnasalimiana pua kwa pua, kisha chakula. Viatu vinavuliwa kabla ya kuingia nyumba ya mikutano, na usikalie meza wala mto wa kulalia kichwa. Mtu wa pwani au wa Uchagani hapo hahitaji kufundishwa sana.

Waitangi, ulikotiwa saini mkataba wa machifu wa Wamaori na Uingereza tarehe 6 Februari 1840, na ule mti mkubwa wa Tāne Mahuta kule Waipoua ni kaskazini kabisa. Kwa siku kumi vitakuchosha. Acha kwa safari nyingine. Muda ukibaki, bora ushuke hadi mto Whanganui, ambao tangu 2017 sheria inautambua kama mtu mwenye haki zake.

Mwisho, buti zako. Uwanja wa ndege wa Auckland wako makini na udongo wa nje kuliko unavyofikiri. Zioshe soli hadi uwazi wa meno yake, zikauke, na kwenye fomu tiki kwamba umebeba vifaa vya mlimani. Ukificha ni faini ya dola 400 papo hapo, na hiyo inahusu pia ndizi kavu, asali na mbegu atakazokuomba dada yako. Ukishapata tarehe zitupie hapahapa, nitakuangalizia hali ya hewa ya Mangatepopo na nani ana basi la kurudi jioni.