Re: Pweza kujila mikono, ni njaa au nini?

Mleta uzi umeuliza mawili, kama ile video ya pweza anatafuna mkono wake inaweza kuwa ya kweli, na kama hawa wa mikono mifupi tunaouziwa huku Arusha ndo hao wanaojila. Kuna mkuu hapo juu kajibu kwa herufi kubwa eti NJAA. Sio njaa mkuu.

Mimi nauza pweza Moshi, mzigo unatoka soko la samaki la Deep Sea Tanga unapandishwa basi na barafu yake, na kabla ya biashara hii nilikuwa jikoni kwenye hoteli moja ya pwani, kwa hiyo nimewaona wakiwa hai na wakiwa sahani.

La mikono mifupi ni jepesi. Wavuvi watakwambia ni mkunga huyo, yule samaki mrefu kama nyoka, anamkuta pweza kwenye shimo lake anauma anajizungusha anaondoka na kipande, pweza anabaki hai na mkono unaota upya. Ndo maana unakuta mkono mmoja mwembamba kama mkia wa panya na mingine imenona. Kaanga ule, hamna shida.

Anayejila ni mwingine kabisa. Pale hotelini waliweka pweza kwenye tangi la kioo wageni wapige picha, tangi dogo, mwanga muda wote, watoto wanagonga kioo, basi haikuchukua muda akaanza kutafuna ncha za mikono. Tukamtupia kaa wazima, kaa ambao pweza hawaachagi, hakuwagusa. Sasa njaa gani hiyo inaacha kaa? Akafa haraka sana tangu aanze kujila. Baadaye nikaja kusoma kuwa mtafiti Budelmann aliandika kuhusu hili mwaka 1998, akasema unaonekana kama ugonjwa wa kuambukiza, na pweza akishaanza kujila siku moja au mbili tu kwisha. Wengine wanataja stresi ya kufungiwa. Kwa nilichokiona naamini vyote viwili vinasaidiana.

Na msiseme mikono imejishika kwa bahati mbaya ndo akaitafuna. Mkono wa pweza ukishakatwa unaendelea kuhangaika, jikoni ulikuwa unang'ang'ania ubao, kisu, vidole vyangu, ila kushika mkono mwenzake hautaki. Watafiti wa Jerusalem walilipima hili wakatoa majibu 2014, ngozi ya pweza ina kemikali inayozuia vile vikombe vya kunatia vya mikononi visinate, wakiichuna ngozi mkono unanata kwenye nyama vizuri tu.

Maumivu nayo yanachangia. Mwaka 2021 mtafiti Robyn Crook wa chuo kimoja Marekani alichoma pweza wadogo sindano ya asidi kwenye mkono, wakawa wanang'oa ngozi kwa mdomo palepale pa sindano.

Ila habari kubwa ni ya mama. Pweza jike kwa kawaida anazaa mara moja maishani, akishataga anakaa kwenye shimo anayapulizia mayai maji anayasafisha, kula anaacha, na mayai yakianguliwa anakufa. Walioko kwenye matangi ya maabara wengine wanaharakisha wenyewe, wanajisugua kwenye mchanga mpaka ngozi inatoka, wanakula ncha za mikono. Mwaka 1977 jamaa anaitwa Jerome Wodinsky aliwatoa majike tezi mbili ndogo za karibu na macho, we, wakayaacha mayai, wakarudi kula, wakaishi zaidi. Yaani kifo chenyewe kinaendeshwa na tezi! Halafu 2022 watafiti Yan Wang na Clifton Ragsdale wakaonyesha tezi hizo baada ya kutaga zinabadilisha namna ya kutengeneza kolesteroli, kuna kemikali moja ya hatua za kati inapanda sana, na kemikali hiyohiyo ikizidi kwa binadamu kuna ugonjwa wa kuzaliwa nao ambao watoto wake wengine wanajiuma na kujiumiza. Wao wanahisi uhusiano upo hapo. Mimi hiyo ilinikosesha usingizi kidogo, maana pweza na sisi hatuna undugu wowote wa karibu.

Yule dada aliyeuliza kama mama aliyeatamia analiwa: analiwa, hana sumu, ila amekonda na nyama imelegea majimaji, ukimchemsha anabaki kidogo sana. Nikimkuta kwenye mzigo namrudisha, wa Tanga wameshanizoea na kelele zangu.