Kiinua Mgongo cha Samurai

Nilipopunguzwa kazi, kitambulisho changu cha ofisi kilikaa miezi minane kwenye msumari pale mlangoni. Mke wangu alikuwa akikipangusa vumbi na kukirudisha, hasemi kitu. Miezi hiyo ndiyo niliyozama kusoma habari za samurai, wapiganaji wa Japani ya kale waliotumikia mabwana (asiye na kazi husoma chochote), nikajikuta najisoma mwenyewe.

Samurai asiye na bwana aliitwa ronin, yaani mtu wa mawimbi. Zamani yaliwapata baadhi tu. Utawala wa Tokugawa, ukoo wa mashogun (wakuu wa kijeshi walioitawala Japani), ulipoanguka 1868, na majimbo ya mabwana yakafutwa 1871, tabaka zima likabaki halina bwana. Mwaka 1873 ikaja sheria ya kuwaingiza jeshini hata watoto wa wakulima. Mwaka 1876 samurai wakakatazwa kutembea na panga, na posho zao za urithi zikageuzwa hatifungani za serikali. Kwetu tungesema wamepewa kiinua mgongo.

Wengi wakakimbilia biashara, zikafa, hata Wajapani wakapata msemo: "biashara ya samurai." Mimi yangu ilikuwa duka la nafaka. Mama mmoja aliniuliza, "Mchele haupungui, baba?" Nikamwonyesha bei ukutani kwa kidole, vilevile nilivyozoea kuwajibu watu dirishani ofisini. Akavuka barabara kwa jirani. Waliokopa nao niliona aibu kuwadai. Miezi mitano, nikafunga.

Kwa hiyo hela ya kiinua mgongo usiiguse kabla hujamtumikia mtu anayeijua kazi unayoitaka.

Walionifumbua macho ni walinzi wa shogun wa mwisho. Mwaka 1869, kama familia 250, wakiongozwa na Chujo Kageaki, walihamia nyanda kavu za Makinohara, Shizuoka, wakafyeka pori wapande chai. Wapagazi waliokuwa wakivusha wasafiri mabegani katika Mto Oi, nao walipokosa kazi, wakaja kulima hukohuko. Chai ya kwanza ilichumwa 1873. Wapo waliochoka wakaondoka. Lakini walianza pamoja, na pale wote wanapojifunza jembe ukubwani, nani amcheke mwenzake?

Nikawatafuta wawili tuliopunguzwa siku moja, tukaenda kwa fundi wa kukamua alizeti. Akaniuliza huko nilikotoka nilikuwa nani. Nikasema karani.

"Vizuri," akasema. "Andika magunia, halafu uyabebe."