Leseni ya programu ya sauti haiuzwi kwenye fleshi

Barua nyingi safari hii zinauliza jambo lilelile. Nimechukua hizi.

Shikamoo. Fundi wa huku Ngamiani kaniwekea programu ya kugeuza nyimbo kuwa MP3. Nimemlipa, kasema leseni ni ya kudumu, ila antivairasi niiache imezimwa. Kuna ubaya? (Tanga)

Marahaba. Ubaya upo, tena mkubwa. Ulichouziwa ni kraki, yaani programu iliyovunjwa kufuli lake la leseni. Leseni ni ruhusa ya mwenye programu, huja na risiti na husajiliwa kwa jina au baruapepe yako. Fundi hana ruhusa hiyo, ataiuzaje? Na anayekutaka uzime antivairasi anakuwekea kitu ambacho hata yeye hajui kimebeba nini, kwenye kompyuta hiyohiyo unayofungulia baruapepe na akaunti ya benki. Badilisha nywila zako zote kwa kutumia kifaa kingine, hamisha kazi zako, kisha weka Windows upya. Kinachoniuma ni kwamba umelipia wizi wakati programu halali za bure zipo.

Zipi hizo? (Chumbageni)

Audacity, fre:ac na FFmpeg. Pakua kwenye tovuti zao wenyewe, usibofye tangazo linalotangulia unapotafuta. Ukiombwa namba ya leseni, umepotea njia.

Lakini si MP3 yenyewe ina leseni ya kulipia? (Makorora)

Ilikuwa nayo, na mzigo ulikuwa wa watengenezaji. Taasisi ya Fraunhofer ya Ujerumani ilifunga mpango wake wa leseni za MP3 Aprili 2017, hataza (haki za uvumbuzi) zilipokwisha. Ndiyo maana Audacity, tangu toleo la 2.3.2 la mwaka 2019, ina LAME, kifaa cha programu kinachotengeneza MP3, ndani yake. Anayekuuzia LAME kando mkimbie.

Nikigeuza MP3 kuwa WAV sauti itarudi safi? (Tanga)

Hairudi! Nimelijibu hili mara nyingi. MP3 hutupa sehemu ya sauti inapotengenezwa. WAV haibani sauti, hivyo itakuongezea ukubwa wa faili tu.

Nimenunua programu kihalali mtandaoni. Sasa naruhusiwa kuuza nyimbo ninazogeuza? (Bagamoyo)

Hapana. Umepewa ruhusa ya kutumia programu, wimbo una mwenyewe. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inamlinda, na COSOTA, ofisi ya hakimiliki, ipo kwa kazi hiyo. Huko kwenu chuo cha sanaa cha TaSUBa kinafundisha vijana sanaa ili waishi kwayo. Ukiwauzia watu kazi za vijana hao kwenye fleshi, wao watakula nini?

Kompyuta imefanyiwa fomati, leseni niliyonunua imepotea. (Muheza)

Tafuta risiti kwenye baruapepe, kisha mwandikie muuzaji. Usinunue tena kabla hajajibu.

Mama ana kaseti za taarabu za Black Star na Lucky Star. Ninunue programu gani ya kuzigeuza? (Tanga)

Usinunue yoyote, dada. Kaseti hainakiliwi kama faili, inarekodiwa ikiwa inacheza. Unganisha redio kaseti na kompyuta kwa waya kupitia tundu la kuingizia sauti, ukikosa hilo tafuta kadi ya sauti ya USB, kisha rekodi kwa Audacity. Weka kiwango cha kurekodi (sample rate) 44,100 Hz, na kipimo cha sauti kisigonge nyekundu. Hifadhi nakala kuu kwa FLAC, aina ya faili inayobana sauti bila kupoteza kitu, ndipo utoe MP3 ya kusikiliza kwenye simu. Safisha hedi ya redio (kichwa kinachosoma mkanda) kwanza kwa spiriti na pamba. Kaseti yenye ukungu usiicheze kabla ya kusafishwa, na joto la pwani hili halisubiri, kwa hiyo anza na zile ambazo hazipatikani kwa mtu mwingine.