Wewe eda huna, mwanangu

Mwanangu Zuhura,

Marahaba. Ujumbe wako wa sauti wa saa saba usiku nimeusikiliza baada ya swala ya alfajiri, nikaurudia mara mbili. Umeniuliza: "Mama, wewe ulipopewa talaka ulinyanyukaje? Mimi hata kutoka kitandani kumenishinda."

Sikunyanyuka upesi. Eda nilikalia hapahapa Ngamiani, kwa bibi yako. Zile twahara tatu za kungoja, yaani siku za usafi kati ya hedhi na hedhi, watu husema ni za kujua kama kuna mimba, na ni kweli, lakini mimi zilinisitiri. Hakuna aliyeniletea habari za mume mwingine, wala aliyetaka nicheke. Huzuni yangu ilikuwa na siku zake na mtaa mzima ulizijua. Wewe posa imevunjika kabla ya nikahi, kwa hiyo eda huna. Kesho yake ukatakiwa kazini kama mtu aliyelala salama! Lia, mwanangu. Ungekuwa hapa ningekufungia mlango mwenyewe.

Eda ilipokwisha, bibi yako aliniamsha saa kumi usiku. Unga wa mchele ulikuwa umeumuka, unanukia iliki na tui. Akanikalisha mbele ya chuma cha vitumbua, mkaa umekolea, akanitilia mafuta kwenye kila shimo, akanishikisha kijiti cha kugeuzia. Machozi yakanizuia kuona, vya kwanza vyote vikaungua. Hakusema neno, akaviweka pembeni, akachota unga mwingine. Kulipopambazuka wakaja watoto wa shule. Mmoja akachungulia sahani, akauliza, "Mbona leo vyeusi?" Nikacheka. Nilikuwa sijasikia sauti yangu ikicheka tangu niachwe.

Sikupona siku ile, nisikudanganye. Miaka miwili baadaye nilimwona baba yako sokoni, miguu ikaniisha nguvu. Lakini nilinunua nazi zangu nikarudi nyumbani.

Kishika uchumba mjomba wako alikirudisha Jumapili, hilo limekwisha. Nakuomba jambo moja tu: usimpigie kijana wa watu kumuuliza kwa nini. Sababu yoyote atakayokupa sasa utaibeba kila ukijitazama kwenye kioo, utajitafutia kasoro ambayo haipo.

Omba ruhusa Ijumaa, panda basi la mchana. Mchele nitauloweka kabla hujafika.

Mama yako