Maswali ya Wasomaji: Faili za OpenSSL Zinapogoma

SWALI: Programu yetu ya mauzo ya zamani kwenye Windows haifunguki, inasema libeay32.dll haionekani. Nimeipakua faili hiyo mtandaoni nikaiweka System32. Sasa linatokea kosa 0xc000007b. — Msomaji, Morogoro

JIBU: Faili uliyoipakua ifute kwanza, leo hii. Libeay32.dll ni sehemu ya OpenSSL, maktaba ambayo programu nyingi huitumia kusimba siri: nywila na funguo za programu yako zote zinapita humo. Mradi wa OpenSSL, wenye maktaba hiyo, hutoa msimbo chanzo tu, hautoi DLL (faili za maktaba za Windows) zilizo tayari. Kwa hiyo tovuti inayokugawia DLL moja moja imeitoa kusikojulikana.

Kosa la 0xc000007b kwa kawaida maana yake ni programu ya biti 32 kupewa DLL ya biti 64, au kinyume chake. Majina ya folda yenyewe yanapotosha: kwenye Windows ya biti 64, System32 ndiyo yenye faili za biti 64, na zile za biti 32 zinakaa SysWOW64. Usiihamishie huko pia. Windows huanza kutafuta DLL ya namna hii kwenye folda ya programu yenyewe, na hapo ndipo mahali pake. Chunguza kama kuna aliyenakili ile .exe peke yake na kuiacha folda nyuma, au kama antivairasi imeiweka DLL karantini. Kisha sakinisha programu upya kutoka kwa mtengenezaji, maana libeay32 na mwenzake ssleay32 lazima ziwe za toleo moja. Ukichanganya, utaletewa ujumbe wa "ordinal" na namba isiyopatikana.

Majina hayo yaliachwa kuanzia toleo 1.1.0 la mwaka 2016. Programu inayoyadai bado inategemea 1.0.2 au la nyuma zaidi, na 1.0.2 ilimaliza muda wake wa kawaida wa matengenezo 31 Desemba 2019. Mdai mtengenezaji toleo jipya.

SWALI: Programu niliyoihamishia Ubuntu 22.04 inadai libssl.so.1.1, faili ya OpenSSL kwenye Linux. Nimeshauriwa nitengeneze kiungo cha jina hilo kinachoelekea libssl.so.3. Ni sawa? — Msomaji, Nakuru

JIBU: Si sawa. Faili itaonekana, halafu utakwama hatua inayofuata: `version 'OPENSSL_1_1_0' not found`. Ile namba ya mwisho si pambo, inaonyesha mkataba kati ya programu na maktaba, na mkataba wa 3 si wa 1.1. Endesha `ldd`, amri ya kuorodhesha maktaba zinazohitajika, ikifuatiwa na njia ya programu yako. Kila mstari wenye `not found` ndio upungufu. Kisha tafuta kifurushi kilichojengwa kwa 22.04, au ijenge upya kama msimbo unao. Kuchukua libssl1.1 ya Ubuntu 20.04 kutafanya kazi, lakini matengenezo ya bure ya 1.1.1 kwa umma yalikoma 11 Septemba 2023.

SWALI: Nimesasisha libssl3 kwenye seva, lakini `openssl version` bado inasema 3.0.2 15 Mar 2022, na mkaguzi ananiambia seva ina matundu. Nani kakosea? — Msomaji, Dar es Salaam

JIBU: Huenda mkaguzi amesoma namba tu. Ubuntu hurudisha viraka (marekebisho ya usalama) kwenye toleo lile lile bila kubadili namba yake kuu. Ndivyo ilivyokuwa hata kwa Heartbleed, tundu kubwa la OpenSSL lililotangazwa Aprili 2014: mradi ulitoa 1.0.1g, lakini kifurushi cha Debian 7 kilichozibwa kiliitwa 1.0.1e-2+deb7u5. Aliyeishia kwenye "1.0.1e" alidhani bado ana ugonjwa. Kwako wewe, tumia `dpkg -l libssl3`, ulinganishe mkia wa namba, ile sehemu ya `ubuntu1.` na kuendelea, na tangazo la usalama la Ubuntu.

Lakini nawe usijiamini haraka. Kusasisha kunabadilisha faili kwenye diski. Programu iliyokwisha kuipakia inaendelea na nakala ya zamani mpaka ifungwe. Andika:

`sudo grep -lE 'lib(ssl|crypto).*deleted' /proc/[0-9]*/maps`

Ukipata jibu kama `/proc/812/maps`, basi mchakato namba 812 bado umeshika maktaba ya zamani. `ps -p 812` itakutajia jina lake. Tafuta majina yote mawili, libssl na libcrypto, kama hapo juu, kwa sababu sshd, huduma ya kuingia kwenye seva kwa mbali, hutumia libcrypto pasipo libssl, na wengi huikosa kwa kutafuta ssl peke yake.

Ikiwa ni nginx, programu ya seva ya wavuti, `reload` haitoshi: mchakato mkuu unabaki ule ule na kuzaa wafanyakazi wenye maktaba ile ile. Tumia `systemctl restart nginx`. Kwa `systemctl restart ssh`, miunganisho iliyopo haikatiki, nayo inabaki na nakala ya zamani. Usiufunge muunganisho ulio nao kabla hujafungua wa pili na kuona umeingia.

Amri hiyo haioni programu zilizobeba OpenSSL ndani yake, mfano Node.js iliyopakuliwa kwenye tovuti yake rasmi. Hizo inabidi uzisasishe wewe, kila moja kivyake.