Jibu: Ramani tumboni kwa Ingrid Mwangi, rangi au kompyuta?

Salama ndugu. Umekwama kwenye zile picha mbili za tumbo la msanii Ingrid Mwangi, Static Drift ya 2001: ramani za Afrika na Ujerumani zimechorwa au zimebandikwa kwa kompyuta, na kazi hiyo iandikwe kwa jina la nani? Si hivyo wala vile, ni jua. Alitumia violezo kwenye ngozi akaota jua; Afrika ikabaki angavu, Ujerumani ikaiva, yaani ikawa nyeusi zaidi. Nami niliwahi kuandika "rangi" kwenye insha, mwalimu akaizungushia wino mwekundu!

Kuhusu jina la msanii, angalia kwanza mwaka wa kazi. Huyu mzaliwa wa Nairobi na mumewe Robert Hutter waliunganisha majina 2005 wakajitambulisha kama msanii mmoja. Kwa hiyo Static Drift iandike kwa jina lake peke yake, hata ukiikuta mahali imewekewa yote mawili.