Chenga kwenye filamu iliyokarabatiwa: je, ni kasoro?

Swali: Nimenunua Blu-ray ya filamu ya zamani, nyeusi na nyeupe, iliyoandikwa kuwa imekarabatiwa kwa 4K. Mbona ina chenga kuliko DVD yangu? Na mbona DVD ni dakika 96, hii 100? Nimepata hasara?

Jibu: Hujapata hasara. Chenga hizo ni chembe za fedha za mkanda wenyewe, na ndizo zilizobeba picha. DVD yako ni ya PAL, mfumo wa runinga wa fremu (picha moja moja) 25 kwa sekunde, na ina pikseli 720 kwa 576 tu, haiwezi kuzionyesha vizuri. Blu-ray ina 1920 kwa 1080, mara tano ya hizo. Dakika nne hazikuongezwa: filamu hupigwa kwa fremu 24 kwa sekunde, PAL huichezesha kwa 25, ikaisha mapema na sauti ikapanda kidogo.

La kuogopa ni chenga zikikosekana. Simamisha picha kwenye uso uliopigwa kwa karibu. Kama mikunjo na vinyweleo havipo, ngozi imelainika kama nta, basi wamesafisha kupita kiasi, na undani uliofutwa hivyo haurudi. Kisha tazama tukio la mvua. Programu ya kuondoa vumbi hulinganisha fremu na zile za kabla na baada yake. Kitu kilichoonekana mara moja tu huhesabiwa uchafu. Tone la mvua au cheche nayo huonekana mara moja, ikafutwa. Fundi makini huyarudisha kwa mkono.

Hiyo 4K, yaani takriban pikseli 4,000 kwa upana, inaeleza skani (mkanda ulivyonakiliwa kidijitali), haielezi kilichoskaniwa. Soma kijitabu: ni negativu asili, yaani mkanda uliokuwa ndani ya kamera, au nakala? Kila kizazi cha kunakili hupunguza undani. Negativu ya Pather Panchali, filamu ya Mhindi Satyajit Ray, iliungua London mwaka 1993. Maabara ya kukarabati filamu ya L'Immagine Ritrovata, Bologna, Italia, iliokoa vipande, mapengo yakajazwa kwa nakala. Kazi ya aina hiyo ukali wake ukibadilika kati ya picha na picha, usiilaumu diski.

Kabla ya kuhukumu, zima kwenye runinga kipengele cha kupunguza chenga na cha kulainisha mwendo, na shusha ukali hadi mistari meupe kandokando ya watu ipotee. Deki itoe fremu 24 kwa sekunde. Mapengo meusi kushoto na kulia yaache. Ukiikuza picha ijaze kioo, unakata vichwa.

DVD usiitupe kama ina mahojiano ambayo toleo jipya halina.